Mzigo wa Mwenye Kujua

Katika mjadala mmoja wa wanafunzi wa sekondari, upande huu wetu wa bara wa Mombasa, hoja iliyotolewa ilikuwa kwamba wataalamu waliounda bomu la atomu wana hatia ya roho zilizopotea kwa bomu hilo. Kijana mmoja wa upande wa kupinga alisimama, akanyosha shati lake, akasema kwa sauti iliyotulia kwamba mhunzi hashtakiwi kwa kisu alichokifua. Ashtakiwaye ni yule aliyekitia kifuani mwa mwenziwe. Ukumbi mzima ulirindima kwa makofi. Mimi nilikuwa mwamuzi siku hiyo. Nilimpa kijana yule alama nyingi kuliko wenziwe wote, kwa kuwa alisema kwa ufasaha, na upande wake ukashinda.

Jioni, nilipokuwa juu ya feri nikivuka kurudi nyumbani Likoni, maneno yale yalinirudia, nami nikaona haya. Nilikuwa nimeulipa ufasaha wa ulimi, nikasahau kupima uzito wa neno. Mwalimu afanyaye hivyo hana tofauti na mwenye duka auzaye mchele kwa kukisia kwa macho. Basi insha hii ni deni langu kwa kijana yule, na kwa wote waliompigia makofi. Nia yangu ni kuonyesha kwamba mfano wa mhunzi na kisu, ingawa wapendeza masikioni, ni mfano mbovu. Na kwamba katika mambo ya elimu mzigo wa dhamiri hupimwa kwa ujuzi. Ajuaye zaidi hubeba zaidi.

Kwanza na tuyajue yaliyotokea, maana hukumu isiyo na habari ni uzushi. Katika Desemba 1938, mjini Berlin, wataalamu Otto Hahn na Fritz Strassmann waliona kwamba madini ya urani yakipigwa kwa chembe ndogo iitwayo nyutroni hutokea vitu vingine vilivyo vyepesi zaidi. Bibi Lise Meitner, aliyekuwa amekimbia Ujerumani kwa sababu ya asili yake ya Kiyahudi, alifafanua maana ya jambo hilo pamoja na mpwa wake Otto Frisch: kiini cha atomu kilikuwa kimepasuka vipande viwili na kutoa nguvu nyingi. Kila kiini kipasukapo hutoa nyutroni nyingine, nazo huweza kupasua viini vingine, na hivyo hivyo bila kikomo, mfano wa moto ushikao makuti ya nyumba moja ukarukia ya pili na ya tatu kabla wenyeji hawajapata ndoo ya maji.

Katika Agosti 1939 Albert Einstein alitia sahihi barua iliyopelekwa kwa Rais Roosevelt wa Marekani, barua ambayo mwenye kuishughulikia hasa alikuwa Leo Szilard, mtaalamu mzaliwa wa Hungaria. Barua hiyo ilionya kwamba nguvu hizi mpya zaweza kutumiwa kuunda bomu la ajabu. Tena ilitaja mahali penye urani nyingi na bora, napo palikuwa Kongo ya Wabelgiji. Hapa, msomaji, habari inayodhaniwa kuwa ya Wazungu peke yao yaingia katika nchi za Kiswahili. Mgodi wenyewe ulikuwa Shinkolobwe, katika Katanga, na Kiswahili ndicho kilichokuwa lugha ya migodi ya huko. Hapakujulikana mgodi mwingine duniani wenye urani nyingi kiasi hicho ndani ya jiwe. Mwaka 1940 Edgar Sengier, mkuu wa kampuni ya Union Minière, alipeleka zaidi ya tani 1,000 za madini hayo New York yakawekwa ghalani, na shehena nyingine zikafuata baadaye. Sehemu kubwa ya urani iliyoangushwa juu ya Hiroshima ilitoka katika ardhi hiyo.

Sasa na tuwaweke watu wawili mbele ya macho yetu. Wa kwanza ni mchimbaji wa Shinkolobwe. Alipiga jiwe kwa sururu, akajaza gunia, akalibeba, akalipwa ujira mdogo. Hakuambiwa jiwe lile ni la kazi gani, wala kwamba miale yake hudhuru mwili. Wa pili ni mtaalamu wa Los Alamos, mji wa siri uliojengwa mwaka 1943 katika nyanda za juu za New Mexico chini ya uongozi wa Robert Oppenheimer. Huyu alijua jiwe lile ni nini. Alijua kiini kikipasuka kitatoa nguvu za kiasi gani. Yeye na wenziwe walifika hata kupiga hesabu ya kimo ambacho bomu lipasukie hewani, ili upepo wake uangushe nyumba nyingi iwezekanavyo. Watu hawa wawili walishiriki kazi moja, na pasipo mmoja wao kazi isingetimia. Je, yupo atakayesema kwamba hatia yao ni sawasawa? Hayupo. Kilichowatenga si mikono yao, maana yote ilifanya kazi; kilichowatenga ni ujuzi wao.

Bomu la kwanza lilijaribiwa jangwani tarehe 16 Julai 1945. La pili liliangushwa Hiroshima tarehe 6 Agosti. Lilikuwa na urani ipatayo kilo 64, na katika hiyo haikufika hata kilo moja iliyopasuka viini vyake. Hata hivyo kishindo chake kililingana na tani 15,000 hivi za baruti kali. La tatu liliangushwa Nagasaki tarehe 9 Agosti. Kufikia mwisho wa mwaka ule watu wapatao 140,000 walikuwa wamekufa Hiroshima, na wapatao 70,000 Nagasaki. Wengi wao hawakuwa askari. Walikuwa wazee, wanawake, watoto, na wanafunzi wa umri wenu waliokuwa wametolewa nje kubomoa nyumba ili moto wa mabomu ya kawaida usienee.

Narudi kwa mhunzi. Mhunzi afuaye kisu hajui nani atakinunua, wala hajui kitakata kitunguu au kitakata shingo. Kisu kina kazi mia za halali na moja ya haramu. Bomu la atomu halina jiko wala shamba. Kazi yake ni moja, na mwenye kuliunda aijua tangu siku ya kwanza. Amjua mnunuzi, ajua na wakati ambao litatakiwa. Lau mhunzi angejiwa usiku na mtu akamwambia, "Nifulie kisu cha kumchinjia jirani yangu na wanawe," naye akavukuta moto, akakifua, akakinoa, kisha akamwelekeza mteja wake pahali pa kuchoma, nani kati yenu angempigia makofi? Basi huyo ndiye mhunzi anayefanana na mtaalamu wa bomu. Yule wa mjadala wetu ni mhunzi mwingine kabisa, mtu mwema wa sokoni, aliyeitwa kuja kumsitiri asiyekuwa ndugu yake.

Wengine watasema kwamba mtaalamu mmoja hakuunda bomu. Aliunda kipande tu. Mmoja alipima chuma, mmoja alichanganya kemikali, mmoja alipiga hesabu katika chumba chake wala hakuona zaidi ya karatasi. Watu zaidi ya 100,000 waliajiriwa katika kazi ile nchini Marekani, na walio wengi hawakujua kinachotengenezwa. Hawa wasiojua nawaweka pamoja na mchimbaji wa Katanga, wala sina neno nao. Walakini aliyejua hawezi kujificha nyuma ya udogo wa kipande chake. Wazee wetu walisema haba na haba hujaza kibaba, na hawakusema kwamba haba ya mwisho peke yake ndiyo yenye lawama au sifa ya kukijaza. Ikiwa heshima ya kazi njema hugawanywa kwa wote walioifanya, kwa nini aibu ya kazi mbaya iangukie mmoja tu, yule rubani aliyefungua mlango wa ndege?

Hoja ya tatu ni nzito zaidi, nami siidharau, maana inatugusa sisi watu wa Kilindini. Husemwa kwamba bomu lilikomesha vita, na kwamba pasipo hilo wengi zaidi wangekufa. Katika Februari 1944 meli iitwayo Khedive Ismail ilitoka Kilindini, katika maji hayo hayo ambayo mtu wa Likoni huyavuka kwa feri na mtu wa Changamwe huyatazama kutoka mlimani. Ilichukua askari wa mizinga wa Afrika Mashariki waliokuwa wakienda kupigana na Wajapani. Tarehe 12 ya mwezi ule, karibu na visiwa vya Maldivi, nyambizi ya Kijapani iliipiga ikazama kwa muda mfupi sana, wakafa watu 1,297. Miongoni mwao walikuwamo mamia ya vijana wa Kiafrika ambao mama zao hawakupata hata kaburi la kulilia. Mwenye kumbukumbu ya meli ile ana haki ya kuuliza: je, tuwalaumu waliotafuta njia ya kukomesha vita vile?

Jibu langu ni hili. Wataalamu hawakuanza kazi ile kwa ajili ya Japani. Walianza kwa hofu ya Hitler, na hofu ile ilikuwa ya haki. Laiti ningalikuwa mmoja wao, yamkini hata mimi ningaliingia. Lakini Ujerumani ilishindwa katika Mei 1945, na kazi haikusimama, ilizidi kuharakishwa. Sababu ilikufa, na kitendo kikaendelea kuishi bila sababu yake. Wala mtu asiseme kwamba sisi tunahukumu leo kwa busara ya baada ya tukio. Katika Juni 1945 kamati ya wataalamu wa Chicago iliyoongozwa na James Franck iliiandikia serikali yao kwamba bomu lisipigwe Japani kwa ghafula, bali lionyeshwe kwanza mahali pasipo na watu. Tena wakaonya kwamba likipigwa, mataifa yatashindana kuunda mabomu mengi zaidi. Katika Julai, Szilard, yule yule aliyeianzisha habari yote, alikusanya sahihi za wataalamu wapatao 70 kumsihi Rais. Hawakusikilizwa. Lakini waliandika, na maandishi yao ni ushahidi kwamba jambo lilijulikana kabla halijatendeka. Na kuhusu vijana wetu wa Khedive Ismail, nasema kwa heshima ya makaburi yao yaliyo majini: machozi ya mama wa Kiafrika hayakufutwa kwa machozi ya mama wa Kijapani.

Hapo sasa nataka mumjue mtu mmoja ambaye kijana wetu hakumtaja katika mjadala, wala mimi mwamuzi sikumtaja. Jina lake ni Joseph Rotblat. Alizaliwa Warsaw, katika Polandi, mwaka 1908, mtoto wa Kiyahudi aliyeonja umaskini. Mwaka 1939 alikwenda Liverpool kufanya utafiti, akamwacha mkewe mgonjwa kwa nia ya kumleta baadaye. Vita vilifunga njia, na mkewe akaangamizwa pamoja na mamilioni ya Wayahudi wa Ulaya. Nani alikuwa na sababu ya kuwachukia Wajerumani kuliko yeye? Mwanzoni mwa mwaka 1944 aliingia Los Alamos, akiamini kwamba bomu la Waingereza na Wamarekani litamzuia Hitler kulitumia lake. Katika Machi alimsikia Jenerali Groves, mkuu wa mradi, akisema mezani kwamba shabaha hasa ya kazi ile ni kuwatiisha Warusi, nao Warusi walikuwa marafiki wa vita, waliokuwa wakifa kwa maelfu kila siku. Mwisho wa mwaka ule ilipobainika kwamba Wajerumani hawana bomu, Rotblat aliomba ruhusa ya kuondoka. Akaondoka mkesha wa Krismasi. Ndiye mtaalamu pekee anayejulikana kuiacha kazi ile kwa ajili ya dhamiri kabla haijakamilika.

Msidhani aliagwa kwa shangwe. Alishukiwa kuwa mpelelezi. Aliamriwa asiwaambie wenziwe sababu ya kuondoka kwake, naye alitii. Na ukimya ule, nadhani, ulikuwa sehemu ya mzigo wake, kwa maana wenziwe hawakupata nafasi ya kuulizwa na mfano wake. Hakuwa malaika, alikuwa mtu. Lakini tazama alivyoutumia uhai wake uliobaki. Aliigeuza elimu yake ya miale ihudumie matibabu, akafanya kazi katika hospitali ya Mtakatifu Bartholomew mjini London. Mwaka 1955 alikuwa mmoja wa watu 11 waliotia sahihi tangazo la Bertrand Russell na Einstein la kuonya ulimwengu juu ya silaha hizi. Mwaka 1957 alisaidia kuanzisha mikutano ya Pugwash, ambako wataalamu wa Mashariki na Magharibi walizungumza wakati serikali zao zilipokuwa hazizungumzi. Na mikutano hiyo husifiwa kwa kusaidia kuandaa njia ya mkataba wa 1963 uliokataza majaribio ya mabomu hewani, majini na angani. Mwaka 1995 alipewa Tuzo ya Nobeli ya Amani pamoja na Pugwash. Alifariki mwaka 2005, mzee wa miaka 96.

Mlinganisheni na Oppenheimer, ambaye hakuondoka. Nasema habari zake kwa huruma, kwa sababu alikuwa mtu wa akili nyingi na moyo mwepesi wa kuumia. Katika Oktoba 1945 alimwambia Rais Truman ana kwa ana kwamba anahisi mikono yake ina damu. Truman alichukizwa, hakutaka tena kumwona. Baadaye Oppenheimer alisita kuunga mkono kuundwa kwa bomu kubwa zaidi la haidrojeni, na mwaka 1954 serikali aliyoitumikia ikamwondolea ruhusa ya kujua siri ambazo nyingine zilikuwa zake mwenyewe. Alikufa mwaka 1967. Na ilipofika 2022 ndipo serikali ile ilipoifuta hukumu hiyo. Zingatieni funzo lililomo. Bwana anunuaye akili yako hanunui dhamiri yako. Aichukua akili, na dhamiri akuachia wewe ukalale nayo. Majuto ni mjukuu, huja kinyume, tena hukuta nyumba haina mtu mwingine wa kumpokea ila mwenyewe.

Kuna hoja ya nne, nayo ni kimbilio la wengi: "Kama si mimi, angefanya mwingine." Ni kweli kwamba Rotblat aliondoka na bomu likakamilika. Lakini mwizi wa bandarini naye husema hivyo hivyo: kama si mimi, gunia lingechukuliwa na mwingine. Hakimu hamwachilii kwa neno hilo. Sisi hatukuumbwa tuwe na amri juu ya mikono ya watu wote. Tuliumbwa tuwe na amri juu ya mikono yetu miwili. Bibi Lise Meitner, ambaye bila fahamu yake huenda maana ya kupasuka kwa kiini ingalichelewa kujulikana, alialikwa kuifanya kazi ya bomu naye akakataa. Hakulizuia bomu. Alizuia jambo moja tu, kwamba lisiwe lake. Laiti kila aliyejua angalizuia jambo hilo moja, lingalibaki bomu la nani?

Najua vilevile kwamba yuko mtu mkubwa wa kwetu ambaye wengine watamleta kunipinga. Profesa Ali Mazrui, aliyezaliwa Mombasa mwaka 1933 na kuzikwa Mombasa mwaka 2014, alitoa mihadhara ya Reith katika redio ya BBC mwaka 1979, na ndani yake akatetea kwamba Afrika nayo iingie katika elimu ya silaha za nyuklia. Hakupenda maangamizi, la hasha. Aliona kwamba mataifa makubwa yanawakataza wengine kile yanachojiwekea yenyewe, na kwamba hayataziacha silaha hizi mpaka yatishike kwa kuziona katika mikono yasiyoizoea. Malalamiko yake dhidi ya unafiki huo ni ya kweli, na leo pia ni ya kweli: mataifa 9 yangali na mabomu yapatayo 12,000, nayo huwahubiria wengine amani.

Lakini kwa adabu ya mwanafunzi mbele ya mwalimu mkuu, nasema kwamba dawa yake siikubali. Afrika imekwisha onjeshwa bomu mara mbili. Mara ya kwanza Wafaransa walililipua Reggane, katika jangwa la Algeria, tarehe 13 Februari 1960, na kufikia 1966 walikuwa wamefanya majaribio 17 katika nchi ile, juu ya ardhi ambayo haikuwa yao. Mara ya pili serikali ya ubaguzi wa rangi ya Afrika Kusini iliunda mabomu 6 kwa siri. Wataalamu wake walikuwa watu waliosoma vizuri. Walijua hesabu, walijua kemia. Wala hawakukosa kujua ni nani aliyekuwa akitawaliwa kwa mjeledi nje ya maabara yao. Mabomu yale yalivunjwa, na Rais de Klerk akatangaza habari hiyo tarehe 24 Machi 1993. Kisha mwaka 1996 nchi za Afrika zilitia sahihi mjini Cairo mkataba wa kulifanya bara letu kuwa mahali pasipo silaha za nyuklia, wakauita Pelindaba, kwa jina la mahali pale pale ambapo Afrika Kusini ilifanyia utafiti wake wa nyuklia. Mkataba huo ulianza kutumika mwaka 2009, na Kenya ni mmoja wa walioukubali. Hapo ndipo ninapoiona heshima ya Afrika, katika kulichukua jina la aibu na kuligeuza jina la ahadi. Mtu ambaye jirani zake wote wana nyoka ndani ya nyumba hapati usalama kwa kufuga wake.

Pengine mtaniuliza, "Mwalimu, mambo haya yatuhusu nini? Hapa Kisauni hapana Los Alamos." Naam, hapana. Lakini sheria ya mwenye kujua haikai Los Alamos peke yake. Tazameni kijiji cha Owino Uhuru, huku kwetu bara, upande wa Jomvu jirani na Changamwe. Palijengwa hapo kiwanda cha kuyeyusha betri kuukuu ili kupata madini ya risasi. Moshi na maji yake yalileta sumu ya risasi katika damu ya watu, hasa watoto wadogo. Bibi Phyllis Omido aliajiriwa katika kiwanda hicho mwaka 2009. Hakuwa mwanasayansi; lakini mwanawe mchanga alipougua na kupatikana ana risasi damuni, alijua. Alipojua, aliacha kazi. Alipoacha kazi, hakunyamaza; na katika hilo, nathubutu kusema, alimshinda Rotblat. Alikusanya wenziwe, alitishwa, alikamatwa, wala hakurudi nyuma. Kiwanda kikafungwa mwaka 2014, naye akapewa Tuzo ya Mazingira ya Goldman mwaka 2015. Mwaka 2020 Mahakama ya Mazingira na Ardhi ya Mombasa iliamuru wakazi walipwe shilingi bilioni 1.3, na baada ya rufaa ndefu Mahakama ya Juu ya Kenya iliirudisha fidia hiyo mwaka 2024.

Risasi si urani, na kijiji si Hiroshima. Walakini swali ni lile lile moja, nalo liliulizwa kwa Kiswahili, katika njia ya vumbi ambayo baadhi yenu hupita mkienda shule: umekwisha jua, sasa utafanya nini? Miongoni mwenu watatoka wahandisi wa bandari, wapimaji wa maji, wauzaji wa dawa, mafundi wa mitambo ya kuhesabu. Siku moja mtu mwenye cheo na tabasamu atakuwekea karatasi mbele yako akuambie utie sahihi tu, kwamba sehemu yako ni ndogo, kwamba usipotia wewe atatia mwingine, kwamba taifa lahitaji, kwamba mhunzi hana hatia ya kisu. Maneno hayo yote mmeyasikia katika insha hii, na sasa mwayajua kwa majina yao.

Siwafundishi kuiogopa sayansi. Miale ile ile iliyounguza Hiroshima ikipimwa kwa busara huunguza uvimbe wa saratani na kumwacha mgonjwa hai, na Rotblat aliifanyia kazi hiyo kwa miaka mingi. Someni fizikia, someni kemia, someni mpaka mafuta ya taa yaishe. Lakini jueni kwamba kila ukurasa mnaousoma waongeza uzito begani, na mtu asiyetaka uzito huo asijidai kutaka elimu.

Ama wewe kijana uliyeshinda mjadala, alama nilizokupa sitazichukua. Ulizipata kwa ufasaha, na ufasaha wako ulikuwa halali. Nakuomba jambo moja tu. Siku utakapokuwa wewe ndiwe mhunzi, na mteja akagonga mlango usiku, muulize kisu ni cha nini kabla hujawasha moto. Akikwambia, usijifanye hukusikia.